Dawa za Malaria: Kutoka Kwinini Hadi Mseto

Leo twasoma historia ya dawa za malaria, na jinsi zilivyotumika hapa kwetu Moshi na mahali pengine nchini. Mwenye daftari na aandike miaka. Asiye nalo na asikilize tu, maana kubwa la leo ni moja: dawa humfaa yule afuataye kipimo chake.

Sisi wa mlimani twajua tangu zamani kwamba homa hukaa tambarare. Vihamba vyetu vya migomba na kahawa viko juu penye baridi, na huko mbu wa malaria ni wachache. Mashamba ya mahindi yako chini, upande wa Kahe, penye joto. Mtu hushuka kulima akiwa mzima, akapanda na homa.

Nyumbani kwetu bibi yangu alikuwa na kopo la vidonge. Mtoto akishikwa na homa alipewa vya siku ya kwanza. Homa ikishuka, vilivyobaki vilirudishwa koponi kumngoja mgonjwa mwingine. Bibi hakuwa mzembe. Aliweka akiba kama mtu awekavyo mbegu. Lakini akiba ile ilikuwa na gharama yake, nasi tutaiona mbele.

Basi tuanze na kwinini. Asili yake ni magamba ya mti wa Amerika ya Kusini uitwao sinkona. Mwaka 1820, mjini Paris, wataalamu wawili, Pelletier na Caventou, waliitenga dawa yenyewe kutoka katika magamba hayo. Tangu hapo iliwezekana kuipima kwa uzani, badala ya kukisia kwa kikombe cha magamba yaliyochemshwa.

Mwaka 1897 daktari mashuhuri wa Kijerumani, Robert Koch, alifika Dar es Salaam. Huko aliuchunguza ugonjwa uliotisha sana siku zile, homa ya mkojo mweusi, ambayo chembe nyekundu za damu huvunjika na mkojo hugeuka mweusi. Koch alisema kwamba anayeuleta ni kwinini yenyewe. Wengi walimpinga. Baadaye ilionekana kwamba ugonjwa huo uliwapata hasa watu wenye malaria waliokunywa kwinini ovyo, leo kidogo, kesho hakuna, keshokutwa tena. Tazameni: dawa ile ile iliyookoa maisha iliweza kuyaondoa ilipotumiwa bila utaratibu.

Mwaka 1902 Wajerumani walianzisha kituo cha utafiti Amani, katika milima ya Usambara, nao wakapanda misinkona. Vita Kuu ya Kwanza ilipokuja, meli za Waingereza zilifunga njia ya bahari, dawa za Ulaya zikakatika. Hapo Amani walitengeneza kwinini kutoka katika magamba ya miti yao. Mwezi Machi 1916 majeshi ya Waingereza yaliingia Moshi, kisha yakapigana Kahe. Mvua zikanyesha, mbu wakazaana, na katika vita ile magonjwa yaliwaangusha askari na wapagazi wengi kuliko risasi.

Dawa ya pili ni klorokwini. Ilitengenezwa Ujerumani mwaka 1934 na mkemia Hans Andersag, ikawekwa kando kwa kudhaniwa kuwa ni sumu mno, ikarudi kutumika baada ya Vita Kuu ya Pili. Kazi yake ni hivi. Kijidudu cha malaria hukaa ndani ya chembe nyekundu ya damu na kuila. Chakula hicho huacha taka yenye sumu, nacho kijidudu huifunga isimdhuru. Klorokwini humzuia asiifunge. Ni kama mpishi aliyefungiwa jikoni na moshi wake mwenyewe.

Ilikuwa rahisi, ilipatikana kila duka, na ilinyweka kwa siku tatu. Lakini ilileta muwasho. Mimi mwenyewe nilipokuwa mtoto nilijikuna usiku kucha, na vidonge vya siku ya pili nikavitema nyuma ya migomba. Wangapi walifanya kama mimi? Sasa, dawa isiyotimia huwaua vijidudu dhaifu na kuwaacha walio na nguvu, nao ndio wazaao. Usugu wa klorokwini ulianza Asia na Amerika ya Kusini katika miaka ya 1950, ukafika Afrika Mashariki mwishoni mwa miaka ya 1970. Hatukuuzaa sisi, lakini kwa nusu dozi zetu tuliupa malisho.

Mwaka mmoja mdogo wangu alipewa vidonge vya kopo la bibi. Homa ilishuka, na baada ya juma moja ikarudi kwa nguvu, akapata degedege. Baba alimbeba mgongoni mpaka hospitali, akaokolewa kwa dripu ya kwinini. Tangu siku hiyo kopo lile liliwekwa mbegu za maharage.

Mwaka 2001 Serikali iliiacha klorokwini, ikaweka SP, yaani mchanganyiko wa salfadoksini na pirimethamini. Hizi huziba njia moja mahali pawili: humzuia kijidudu kujitengenezea foleti, kirutubisho anachokihitaji ili azae. Kwa sababu hiyo dawa hii ina mambo ya kuangaliwa. Mtu ambaye mwili wake unakataa dawa za salfa aweza kubabuka ngozi vibaya. Tena, mama mjamzito akimeza vidonge vikubwa vya foliki, vya miligramu 5, hudhoofisha SP, kwa kuwa humpa kijidudu kile kile alichonyimwa. Usugu uliifikia SP nayo. Siku hizi kazi yake kubwa ni kuwakinga mama wajawazito, si kutibu.

Mwaka 2006 ikaja dawa mseto, ALu. Sehemu yake moja, atemetha, ina asili ya mmea wa pakanga wa China. Mwanamke wa huko, Tu Youyou, aligundua dawa yake katika miaka ya 1970, akapewa Tuzo ya Nobel mwaka 2015. Atemetha huua vijidudu upesi, kisha huisha mwilini kwa muda wa saa chache. Mwenziwe, lumefantrini, hukaa siku kadhaa akimalizia waliobaki. Huyu hapiti vizuri tumboni bila mafuta. Basi mgonjwa na ameze vidonge pamoja na maziwa au mtori wa nyama, wala si kwa maji matupu. Dozi ni mara sita kwa siku tatu: ya pili baada ya saa 8, kisha asubuhi na jioni. Na anayetumia dawa nyingine yoyote na amwambie tabibu kabla ya kumeza, kwa maana dawa mbili huweza kupigana. Efavirenzi, kwa mfano, ambayo ni dawa ya virusi vya UKIMWI, hupunguza lumefantrini mwilini.

Hata kwinini ya dripu imempisha mwingine. Mwaka 2010 utafiti wa watoto 5,425 wa Afrika, wakiwamo wa Muheza na Korogwe, ulionyesha kwamba sindano ya atesuneti huokoa zaidi katika malaria kali.

Lakini mwaka 2024 watafiti walitangaza kwamba huko Kagera vijidudu vimeanza kuvumilia dawa za pakanga. Ndugu zangu, nyuma ya mseto hakuna foleni ndefu ya dawa zinazongoja zamu.

Maswali ya kujadiliana kikundini:
1. Nyumbani kwenu kuna kopo la vidonge vilivyobaki? Vilibaki kwa sababu gani?
2. Kwa nini mgonjwa amalize dozi hata akijisikia mzima?
3. Mtu akienda kwa tabibu, ataje mambo gani kabla ya kupewa dawa?

Kwaherini, hadi somo lijalo.