Gunia, Kanda na Sandarusi

Kila mwaka inapokaribia Oktoba, na mikorosho ya Newala na Masasi ikaanza kuangusha, swali la kwanza katika vyama vya msingi si la bei. Bei huja na mnada, na mnada una siku yake. Swali la kwanza ni kama magunia yameshafika. Korosho iliyoanikwa uani juu ya jamvi haina jina mbele ya sheria: haijapimwa, haijaingia ghalani, haijaandikiwa stakabadhi. Huanza kuhesabiwa pale inapotiwa ndani ya gunia la juti lichukualo kilo 80 hivi, likashonwa mdomo, likapakiwa garini. Na gunia hilo, ambalo ndilo mlango wa kupitia mali ya mkulima wa Kusini, halikufumwa Newala wala Masasi, na mara nyingi halikufumwa Tanzania. Limetoka Bangladesh au India. Msimu wa 2017/18, ambao mavuno ya nchi yalipita tani 300,000, uhaba wa magunia ulifanya korosho ingoje vijijini huku minada ikiendelea. Watu waliokuwa na mali kuliko mwaka wowote uliotangulia wakawa hawana pa kuitia.

Si mara ya kwanza kwa Kusini kutegemea chombo cha kuletwa, lakini haikuwa hivyo tangu mwanzo. Kiswahili chenyewe ni shahidi. Kilikuwa na jina kwa kila chombo, na jina lilitosha kumwambia msikilizaji kilichomo ndani. Kanda lilikuwa la ukindu, la nafaka na tende. Pakacha lilisukwa kwa majani ya mnazi, likachukua samaki au maembe siku moja na kutupwa bila majuto. Kilindo kilikuwa cha gome la mti, cha nguo na unga. Kiriba cha ngozi, cha maji. Kibuyu cha togwa, pombe na mbegu. Wamakonde walichonga vikopo vya mbao na mianzi vya dawa na ugoro, vingine vikiwa na kizibo cha sura ya mtu, na leo kazi hizo zimo ndani ya makabati ya makumbusho ya Ulaya. Vyombo vyote hivyo vilikuwa na tabia moja: vilifia pale vilipozaliwa. Pakacha liliozea chini ya mnazi uleule uliolitoa majani. Ofisi za leo zina neno moja tu, vifungashio, neno zuri la kuandikia ripoti, ila halimwambii mtu chochote juu ya kilichofungwa, wala mti uliotoa ufumwele.

Mwaka 1876 Askofu Edward Steere, ambaye kitabu chake cha sarufi ya Kiswahili kilikuwa kimechapishwa miaka sita kabla, aliondoka Unguja na watu waliokombolewa utumwani, akashukia Lindi na kwenda bara. Nia ilikuwa kuelekea Nyasa. Walisimama Masasi, chini ya majabali makubwa yanayouzunguka mji ule hadi leo, na wengi wakabaki hapo. Walikuta nchi iliyokuwa tayari inauza. Kutoka bonde la Ruvuma na uwanda wa juu wa Makonde zilishuka pembe, nta, ufuta, mpira wa mwituni na sandarusi, vyote vikichukuliwa kwa vichwa na mabega hadi Lindi na Mikindani. Mpira ulikunjwa viringe na haukuhitaji mfuko. Pembe zilifungwa kwa kamba. Nafaka ilitiwa makandani. Msafara haukuagiza ng'ambo chombo cha kufungia; ulikichuma njiani.

Gunia lilikuja na meli. Neno lenyewe ni la Bara Hindi, kama lilivyo juti, na lilifika pwani pamoja na mfanyabiashara aliyelihitaji. Katika karne ya 19 Bengali ilikuwa inalima juti, Dundee kule Uskoti na baadaye Kolkata zikifuma, na dunia nzima ya nafaka, kahawa na pamba ikaingia ndani ya kitambaa kile cha kahawia. Ubora wake ulikuwa wa kweli. Ni chepesi, ni rahisi, hupangwa hadi darini bila kuteleza, na juu ya yote hupitisha hewa. Sifa hiyo ya mwisho ndiyo inayolifunga gunia na korosho. Korosho ghafi ni kitu kilicho hai. Ina unyevu ndani yake, na ikifungiwa mahali pasipo na pumzi hutoka jasho, huota ukungu, na punje hubadilika rangi. Kwa hiyo anayesema korosho itiwe juti hasemi kwa mazoea tu.

Mti wa korosho nao ulikuwa mgeni. Wareno waliutoa Brazili katika karne ya 16, ukakaa pwani muda mrefu kama mti wa kivuli na mabibo, mpaka India ilipoanza kununua korosho ghafi za Afrika Mashariki ili zibanguliwe na mikono ya wanawake wa Kerala. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia wakulima wa uwanda wa Makonde waliupanda kwa wingi, bila kuamrishwa na mtu. Ajabu ni kwamba wakati huohuo serikali ya kikoloni ilikuwa inamwaga fedha karibu yao, Nachingwea, katika mradi wa karanga ulioanza 1947 na kufutwa 1951. Mradi ule uliacha bandari ya Mtwara, reli iliyong'olewa 1962, na kisa kinachosimuliwa bado, kwamba karanga zilizonunuliwa kwa mbegu zilikuwa nyingi kuliko zilizovunwa. Karanga zilikuwa na reli, zikafa. Korosho haikuwa na kitu ila jembe na gunia la kuazima, ikapanda mpaka kufikia tani 145,000 hivi msimu wa 1973/74.

Hapo ndipo swali linapouma. Nchi iliyokuwa inaagiza magunia ilikuwa wakati huo miongoni mwa mabingwa wa nyuzi duniani. Mkonge uliletwa mwaka 1893 na Mjerumani Richard Hindorf; katika miche elfu moja iliyosafirishwa ilifika hai 62, na kutoka hiyo yakaenea mashamba ya Tanga, Morogoro, na huku Kusini shamba la Kikwetu karibu na Lindi. Mwaka 1964 Tanganyika ilitoa zaidi ya tani 230,000 za katani. Nyingi mno zilikwenda nje zikiwa nyuzi tupu, zikawa kamba za kufungia majani makavu ya ng'ombe wa Ulaya na Marekani. Viwanda vya kufuma magunia vilijengwa Moshi na Morogoro, na gunia la mkonge lilikuwepo. Mzee yeyote aliyebeba mazao enzi hizo hulikumbuka kwa begani, maana ufumwele wa mkonge ni mgumu, na gunia lake ni zito na hukwaruza. Si kweli kwamba nchi haikujaribu. Ilijaribu, lakini ilijaribu kama mtu anayepika kwa kuni za mwisho. Bei ya katani ilianguka duniani, mashamba mengi yaliyotaifishwa 1967 yakaingia magugu, na mwisho wa karne uzalishaji ulikuwa chini ya tani 30,000.

Kilichoiua kamba ya mkonge kilikuwa plastiki. Nyuzi za polipropilini zilizotokana na mafuta ya petroli zilikuwa rahisi kuliko jani lililokatwa kwa panga Tanga. Kisha adui yule alikuja mwenyewe Afrika akiwa amefumwa mfuko, mweupe, mwepesi, usioogopa mvua. Watu wakaupa jina: mfuko wa sandarusi. Jina hilo linastahili kusimamiwa kidogo. Sandarusi ni utomvu wa miti ya kale uliogeuka jiwe chini ya mchanga, ukachimbwa nyuma ya pwani hii yote ya Kilwa na Lindi, ukasafishwa Unguja, na katika karne ya 19 ukapelekwa hadi Salem, Marekani, ukawa vanishi ya samani. Merikebu zilizouchukua ndizo zilizoleta kitambaa cha amerikani. Sasa mali ile imesahaulika, na jina lake limevikwa utomvu mwingine, wa kiwandani, unaokuja badala ya kwenda. Hakuna kamati ya lugha iliyokaa ikaamua hivyo. Lugha ilifanya yenyewe.

Mfuko wa sandarusi umeshinda katika mahindi, mchele, mkaa na saruji. Katika korosho haukushinda, kwa sababu ile ya pumzi, na kwa sababu nyuzi zake hukatika na kuchanganyika na punje, jambo ambalo mnunuzi hasamehe. Basi korosho imebaki ndani ya juti, na juti imebaki Bengali.

Lakini suala la chombo halikuishia kwenye gunia. Punje iliyobanguliwa ni adili zaidi ya korosho ghafi. Katika miaka ya 1920 shehena za India zilizotiwa masanduku ya mbao zilifika Marekani zikiwa zimeliwa na wadudu. Biashara ile iliokolewa na mabati, yaani madebe yaliyotolewa hewa na kujazwa kaboni dayoksaidi, kila moja ratili 25 za punje. Bila debe hakuna punje ya kuuza nje. Tanzania ilipoamua katika miaka ya 1970 kubangua yenyewe, kwa mikopo na mitambo ya Kiitaliano na Kijapani, ilijenga hadi ikawa na viwanda 12: viwili Newala, kimoja Masasi, vingine Mtwara, Lindi, Mtama, Nachingwea, Tunduru, Kibaha na Dar es Salaam. Uwezo wake ulipita tani 110,000 kwa mwaka. Viwanda vilikamilika wakati korosho inakimbia. Watu walikuwa wamehamishiwa vijijini, mashamba ya zamani yakabaki mbali na nyumba; vyama vya ushirika vilifutwa 1976; ugonjwa wa ubwiri unga ukaikausha maua. Msimu wa 1986/87 nchi nzima ilikusanya chini ya tani 20,000. Mitambo ikanyamaza. Ilipouzwa kwa watu binafsi, baadhi ya majengo yale yalitumiwa kuwa maghala, na pale palipokusudiwa kujazwa madebe ya punje pakapangwa magunia ya korosho ghafi yakingoja meli.

Korosho ilifufuka kwa unga wa salfa na kazi ya watafiti wa Naliendele, halafu kwa mfumo wa stakabadhi ghalani ulioanza Mtwara msimu wa 2007/08. Ushirika umerudi: TANECU kwa Newala na Tandahimba, MAMCU kwa Masasi na Mtwara. Katika msimu wa 2024/25 mavuno ya nchi yalipita tani 500,000. Kwa gunia la kilo 80, hesabu hiyo ni zaidi ya magunia milioni sita kwa mwaka mmoja, na mengi yake huondoka na mali bila kurudi. Kiwanda cha magunia chenye soko la uhakika namna hiyo kingetamaniwa na nchi yoyote. Tatizo si wingi wa wateja. Tatizo ni kwamba hitaji lote huja kwa mkupuo ndani ya miezi michache, kila msimu ukianza na zabuni na hofu mpya, na hakuna mfumaji anayeweza kununua mashine kwa ahadi ya namna hiyo.

Sheria nayo imefanya sehemu yake, ingawa upande mmoja tu. Zanzibar ilitangulia kuipiga marufuku mifuko ya plastiki katika miaka ya 2000, na Bara ikafuata tarehe 1 Juni 2019. Kabla ya hapo, Machi 2017, pombe ya viroba ilifutwa, vile vijaluba vya plastiki vilivyozagaa kila kituo cha basi na kuliharibia jina neno kiroba, ambalo zamani lilikuwa jina la mfuko wa heshima. Marufuku hiyo ya 2019 iligusa mfuko wa kubebea. Vifungashio vya viwanda na kilimo viliruhusiwa, na ni haki, maana hapakuwa na cha kuviweka badala yake. Kwa hiyo katika uwanda wa Makonde mama aendaye sokoni amerudia kikapu, ilhali salfa ya kupulizia mikorosho huendelea kuja ndani ya mifuko ya plastiki, na mfuko mtupu hubaki shambani. Mwingine huchomwa. Mwingine husuuzwa na kutiwa mahindi, jambo ambalo mabwana shamba hulikataza na umaskini hulihalalisha.

Mnunuzi mkubwa wa korosho hizi ni India na Vietnam. Gunia lililotoka Bengali hufika Mtwara likiwa limekunjwa katika robota, hupanda Newala likiwa tupu, hushuka likiwa limejaa, na huvuka bahari ileile. Huko Kollam, mji wa wabanguaji wa Kerala, hufunguliwa, hukung'utwa na kuuzwa tena kama gunia kuukuu. Kutoka hapo hadi mashamba ya juti yaliyolizaa ni karibu mara mbili kuliko kurudi Newala.