Kibaba, shilingi mia na msimu wa korosho

Kwa miaka 60 sheria ya nchi hii, Tanzania, ilikuwa na bei ya juu kabisa ya kumlea mtoto aliyezaliwa nje ya ndoa. Sheria iliyotungwa na wakoloni mwaka 1949 ilimruhusu hakimu kumwamuru baba alipe matunzo yasiyozidi shilingi 100 kwa mwezi, na kiwango hicho kilibaki hadi Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 ilipoifuta. Mwaka 1949 shilingi 100 zilikuwa fedha ya kuheshimika. Mwaka 2009 hazikununua hata soda moja. Mtu akitazama Kilwa na pwani yote ya Lindi ataona kwamba kosa halikuwa uchache wa fedha peke yake. Matunzo yalikuwa yamepimwa kwa kitu kinachooza, pahali ambapo watu walishazoea kipimo kisichooza.

Ibn Battuta alipofika Kilwa mwaka 1331 aliwakuta wenyeji wakifuata madhehebu ya Shafii. Fikihi ya madhehebu hayo hupima chakula cha mke kwa uwezo wa mume: mwenye mali vibaba viwili kwa siku, wa kati kimoja na nusu, fukara kimoja, tena cha chakula kinacholiwa zaidi katika mji ule. Kama mji unakula mtama, basi ni mtama. Siku zikipita bila mume kutoa, kile alichokizuia kinakuwa deni shingoni mwake, hata kama hakuna kadhi aliyewahi kutoa amri. Kwa hiyo mke kumdai mume matunzo si jambo lililoletwa pwani hii na mahakama za serikali. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 1963 ilipoondoa mahakama za maliwali na makadhi na kuweka mahakama za mwanzo, aliyebadilika ni mwamuzi. Dai lilikuwapo zamani.

Yupo atakayesema nausifu mno mfumo ambao, eda ikiisha, ulimwacha mtalaka aondoke na mkeka wake. Ni kweli. Kibaba kilihesabu tumbo la mwanamke, hakikuhesabu kazi ya mikono yake. Pengo hilo lilianza kuzibwa na Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, kisha Mahakama ya Rufani ikaamua mwaka 1983, katika shauri la Bi Hawa Mohamed na Ally Sefu, kwamba kazi za nyumbani ni mchango katika mali iliyochumwa ndani ya ndoa. Huo ni mgawanyo wa mali, na matunzo ni dai lake lenyewe. Lakini vyote viwili vinatambua kwamba nyumba hujengwa na wawili. Sitetei kurudi kwa kadhi wa zamani. Ninachotetea ni ile kanuni ya kipimo: uwezo wa mtoaji na bei ya chakula cha pale.

Pingamizi la pili lina mizizi Lindi yenyewe. Wamwera, Wamakonde, Wamakua na Wayao kwa asili huhesabu ukoo kwa upande wa mama, na mtoto alikuwa mikononi mwa mjomba. Serikali ilipoandika sheria za mila mwaka 1963, iliandika za makabila ya ukoo wa baba, na haya yakaachwa nje. Je, baba abebeshwe mzigo ambao mila iliuweka kwa mjomba? Jibu ni kwamba mjomba alibeba mzigo pamoja na faida: mamlaka juu ya wapwa na nguvu zao shambani. Leo baba ndiye anayeuza korosho kwa jina lake, na malipo huingia kwenye akaunti yake. Faida ikihama, mzigo nao uhame.

Linabaki pingamizi linalosikika kila siku: baba hana mshahara, atalipa nini kila mwisho wa mwezi? Hapo ndipo makosa ya mwaka 1949 yanaporudi kwa sura mpya. Mvuvi wa pweza wa Songosongo hupata wakati wa bamvua, na maji mafu yakiingia hukaa. Mkulima hupata ufuta ukiuzwa katikati ya mwaka, halafu korosho kuanzia Oktoba. Pato lipo, ila halifuati kalenda ya ofisi. Tena tangu mfumo wa stakabadhi ghalani ulipoanza kusini mwaka 2007, kilo zinazopita kwenye chama cha msingi zina kumbukumbu. Wapo watakaokimbilia kangomba, yaani kuuza korosho nje ya mfumo rasmi, ili kuficha mauzo, lakini hata mwenye mshahara huficha biashara zake, na hatujawahi kuiona hiyo kuwa sababu ya kumsamehe.

Sheria ya Mtoto inaitaka mahakama izingatie kipato na mali za wazazi wote wawili, pamoja na gharama za maisha pale mtoto anapoishi. Hakimu wa Kilwa Masoko akiisoma hivyo, ataandika amri yenye fungu kubwa baada ya mnada wa korosho na dogo wakati wa kiangazi cha mfuko, na ataipitia upya bei ya unga ikipanda. Amri ya namna hiyo mdaiwa anaweza kuitekeleza, na akikaidi hatakuwa na kisingizio cha kumpa hakimu.