Haki ya mkandarasi aliyevunjiwa mkataba na Serikali: kutoka ridhaa ya waziri hadi notisi ya siku 90

Msingi wa madai ya mkandarasi aliyevunjiwa mkataba na Serikali ya Tanzania ni Sheria ya Mikataba ya mwaka 1961, iliyofuata kwa kiasi kikubwa Sheria ya Mikataba ya India ya mwaka 1872, na ambayo kifungu chake cha 73 kinampa aliyeumia haki ya fidia kwa hasara inayotokana moja kwa moja na uvunjaji huo. Hata hivyo, kuwa na haki na kuruhusiwa kuidai mahakamani yalikuwa mambo mawili tofauti.

Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali ya mwaka 1967, iliyotungwa chini ya uongozi wa Mwalimu Julius Nyerere, pamoja na marekebisho ya mwaka 1974, ilimtaka mdai kupata kwanza ridhaa ya maandishi ya waziri, maana yake mdaiwa ndiye aliyeamua kama atashtakiwa. Mwaka 1993 Mahakama ya Rufani, katika shauri lililotoka Arusha, ilitamka kwamba sharti hilo linapingana na Katiba, na mwaka uliofuata Bunge likaliondoa na kuweka mahali pake notisi ya siku 90. Huo ulikuwa ushindi mkubwa, ingawa haukuletwa na mkandarasi.

Marekebisho ya mwaka 2020 yaliziingiza serikali za mitaa katika utaratibu huohuo, hivyo anayeidai halmashauri ya Bunda au Butiama humwunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali na kufungua shauri Mahakama Kuu, ambayo kwa wakazi wa mkoa huo wa Mara sasa iko Musoma, baada ya miaka mingi ya kusafiri hadi Mwanza.

Kabla ya mahakama, mikataba mingi ya ujenzi humpeleka mkandarasi kwa mwamuzi aliyetajwa ndani ya mkataba, kisha kwenye usuluhishi, yaani kusikilizwa na watu waliokubaliwa na pande zote, ambao uamuzi wao unafunga. Mamlaka ya Rufani za Zabuni za Umma haihusiki hapa, kwa kuwa kazi yake ni malalamiko ya zabuni, si migogoro ya mkataba uliokwisha kuanza kutekelezwa.

Dai lenyewe hushinda au kushindwa pale kwenye eneo la kazi. Mfereji uliochimbwa, mabomba yaliyorundikwa kando yake na saruji iliyobaki stoo vinapaswa kupimwa na kuhesabiwa na pande zote mbili, na karatasi za vipimo kusainiwa kabla mkandarasi mwingine hajaingia, maana baada ya hapo hakuna wa kutenganisha kazi ya huyu na ya yule. Kampuni ya City Water, iliyovunjiwa mkataba wa maji Dar es Salaam mwaka 2005, ilionyesha ugumu wa kuthibitisha hasara: mwaka 2008 jopo la usuluhishi la kimataifa liliona kwamba Tanzania ilikiuka mkataba wa kulinda uwekezaji, lakini halikumpa mwekezaji wa kampuni hiyo, aliyefungua shauri, fidia yoyote.

Anayeshinda bado hukutana na kikwazo kikubwa zaidi, kwamba sheria hairuhusu mali ya Serikali kukamatwa ili kulipa deni lililoamuliwa. Kampuni ya Stirling, iliyokuwa na mkataba wa barabara ya Bagamoyo, ilikizunguka kikwazo hicho mwaka 2017 kwa kuzuia nchini Kanada ndege ya Bombardier Q400 iliyonunuliwa na Tanzania, ambayo iliwasili Dar es Salaam Aprili 2018. Mkandarasi mdogo wa Musoma, ambaye benki inamdai mkopo wa mitambo huku vibarua wakimsubiri, hana uwezo wa kwenda Kanada. Yeye husubiri Hazina.

Tofauti hiyo haivumiliki. Bunge lililoondoa ridhaa ya waziri mwaka 1994 linapaswa sasa kuweka muda wa lazima wa kulipa madeni yaliyoamuliwa, pamoja na riba kwa kila mwezi wa ucheleweshaji.