Bundi alikosea: stori ya nyota za Samarkand

Kama uliwahi kutazama Avatar: The Last Airbender, unaijua ile episodi ya maktaba, msimu wa pili, 2006. Aang na wenzake wanaingia kwenye maktaba iliyofukiwa na mchanga katikati ya jangwa. Mwenyewe ni Wan Shi Tong, bundi mkubwa wa kutisha. Ndani kuna chumba ninachokipenda hadi leo, chumba cha anga. Unaweka tarehe, mitambo inazunguka, na dari inakuonyesha jua na mwezi vilivyokuwa siku hiyo. Sokka anaweka tarehe moja na ghafla giza. Jua limepatwa! Ndiyo siku Taifa la Moto liliishiwa nguvu, na wanajua sasa itatokea tena.

Bundi akisikia wanataka kuitumia hiyo habari vitani, anazamisha jengo zima.

Nikiwa mdogo nilimchukia tu. Nimeirudia juzi nikaona mzee ana hoja. Zhao alisoma siri ya roho ya mwezi humo humo, na tuliona alichoifanyia. Lakini bado nasema bundi alikosea, na ushahidi wangu hautoki kwa katuni. Unatoka Samarkand, mji ulio Uzbekistan ya leo.

Huko alitawala Ulugh Beg, mjukuu wa Timur. Timur ni yule wa kuteka miji na kujenga minara ya mafuvu, sasa fikiria mjukuu wake anapenda hesabu. 1420 alifungua madrasa mjini, akaita wasomi, halafu akajenga kituo cha kuangalia nyota juu ya kilima: jengo la duara, orofa tatu. Darubini hakukuwa na hata moja duniani. Ingekuja zaidi ya miaka 170 baadaye.

Sasa walipimaje? Unakumbuka kipimapembe cha shule, kile cha plastiki? Digrii moja pale ni nyembamba hivi kwamba ukipepesa jicho umekosea. Ulugh Beg alitengeneza chake kikubwa kupita kiasi. Ni tao la mawe lenye nusu kipenyo cha karibu mita 40, limelazwa kutoka kaskazini hadi kusini, na sehemu yake ya chini imechimbwa ndani ya mwamba. Mwanga wa jua la adhuhuri uliingia kwa tundu juu ukaangukia kwenye tao, nao wakasoma alama. Digrii moja hapo ni sentimita 70 hivi. Hata kipande kimoja kati ya vipande 60 vya digrii kina upana unaozidi sentimita moja. Ukikosea hapo, wewe mwenyewe ndiye una shida.

Waliwahi kuwa na orodha ya Ptolemy, ya zaidi ya miaka elfu moja kabla yao. Walipoilinganisha na anga wakakuta makosa, wakaanza kupima upya. Kufikia 1437 walikuwa na majedwali yao, Zij-i Sultani, yenye nyota 1,018. Urefu wa mwaka waliupata kuwa siku 365, saa 6, dakika 10 na sekunde 8. Walikosea kwa chini ya dakika moja. Kwa macho tu, wasee.

Siasa ndiyo ilimshinda. Mwanawe mwenyewe, Abd al-Latif, alimpindua, na Oktoba 1449 mzee akakatwa kichwa akiwa njiani kwenda Hija. (Mtoto naye hakumaliza hata mwaka mmoja kwenye kiti kabla ya kuuawa.) Kituo kikabomoka, mawe yakapotea, tao likafunikwa na udongo. Kama Wan Shi Tong angekuwa mwenyewe, stori ingeishia hapo: kila kitu chini, salama, na hakuna anayejua.

Lakini kulikuwa na Ali Qushji. Hilo jina linatokana na kazi ya baba yake, aliyetunza ndege wa kuwindia wa Ulugh Beg, kwa hivyo kwenye hii stori pia kuna ndege. Ali alisomeshwa na mfalme mwenyewe na akafanya kazi kituoni. Baada ya mauaji aliondoka, na miaka mingi baadaye akafika Istanbul kwa Sultani Mehmed wa Pili, akafundisha huko hadi akafa 1474. Majedwali nayo yakaendelea kunakiliwa kwa mkono, mji baada ya mji. Kuna yeyote aliyeyatumia kwa ubaya? Bila shaka wafalme walitabiriwa vita kwa nyota hizo hizo. Bundi hapo angenuna.

Mimi pia nimewahi kuwa bundi. Kidato cha nne nilificha karatasi za marudio chini ya godoro ili nisipitwe. Panya walizisoma.

Orodha ya nyota za Samarkand ilichapishwa Oxford mwaka wa 1665. Kituo chenyewe kilikuja kupatikana 1908, pale Vasily Vyatkin alipofuata hati ya zamani ya ardhi hadi kwenye kile kilima, akachimba, akakuta kipande cha tao bado kimelala ndani ya mwamba. Kitabu kilikuwa kimemtangulia kwa miaka 243.