Gemu za Zamani Ziko Wapi? Historia ya Vibanda, Diski na Memori Kadi

Wandugu, swali limeulizwa kwenye grupu mara tatu mwezi huu: mtu akipata mashine ya gemu ya kisasa, PS4 au PS5 ya mtumba, gemu za zamani atazipata wapi, na atazipanga vipi? Wengi walijibu kwa emoji tu. Sisi tumeona swali linastahili historia, maana hapa Arua na Koboko gemu hizo hazikuwa "za zamani" hata siku moja. Ndo zilikuwa gemu zenyewe.

PlayStation 2 ilitoka Japani tarehe 4 Machi 2000. Iliuzwa kama milioni 160 duniani, na hakuna konsoli nyingine iliyofika hapo. Sony waliacha kuitengeneza mwanzoni mwa 2013. Ukisoma historia iliyoandikwa Ulaya au Marekani, habari ya PS2 inaishia hapo. Kwetu ilikuwa ndo kwanza imenoga. Mashine zilizochoka huko zilikuja huku kama mtumba, pamoja na TV za mgongo mrefu, na kazi ikaanza upya.

Sababu moja ni umeme. West Nile kwa miaka mingi ilikuwa nje ya gridi ya taifa. Kampuni ya WENRECo ilianza na jenereta la mafuta pale Arua, halafu mwaka 2012 mtambo wa maji wa Nyagak, kule Zombo, ukaanza kutoa megawati 3.5. Gawanya hiyo kwa miji yote, uone inabaki nini. Sasa ile PS2 nyembamba iliyotoka 2004 ilikula chini ya wati 50, na adapta yake ilikuwa ya nje, ya volti 8.5. Fundi mwenye akili aliweza kuiunganisha na betri ya sola bila mambo mengi. PS5 ikicheza inakula kama wati 200. Kwa hiyo watu wanaodhani tulibaki na PS2 kwa sababu ya ushamba, wahesabu kwanza betri.

Kibanda cha gemu mnakijua: mabati, pazia la kuzuia jua, benchi, padi mbili zilizofungwa na raba, na mtoto anayeshika hesabu ya mechi. Sarafu moja, mechi moja, aliyefungwa anatoka. Kelele zilikuwa za Kilugbara, Kikakwa, Lingala, Kiarabu cha Juba na Kiswahili, zote kwa goli moja. Gemu ilikuwa ile ya Konami, Pro Evolution Soccer, ambayo wengine waliita Winning Eleven kwa sababu diski yao ilitoka upande wa Japani. Pembeni kulikuwa na GTA San Andreas ya 2004, lakini hiyo ilikuwa ya wenye muda.

Diski nyingi zilikuwa za kuchomwa, tuseme ukweli. Mashine zilifunguliwa zikawekwa chipu ndogo ili zikubali kopi. Mpangilio wa kwanza wa gemu tuliouona ulikuwa pochi ya diski, ile ya zipu, na majina yaliyoandikwa kwa kalamu ya wino mzito: "PES mpya", "PES mpya kabisa", "PES usiguse". Zile "mpya" mara nyingi zilikuwa gemu ya mwaka wa nyuma iliyobadilishwa na mashabiki, wachezaji wakahamishwa timu na jezi zikarekebishwa. Hii haikuwa yetu peke yetu. Brazili wana Bomba Patch, gemu ya PES ya PS2 ambayo mashabiki wameibadilisha kwa miaka mingi, na huko ni maarufu sana. Konami wenyewe waliitolea PS2 gemu mpaka PES 2014, na EA mpaka FIFA 14, zote za mwisho wa 2013. Baada ya hapo mashabiki wakaendelea peke yao.

Hapo tunafika kwenye sehemu inayotugusa zaidi.

Mwaka 2013 kambi ya Lobule, wilaya ya Koboko, ilipokea ndugu zetu kutoka Kongo. Julai 2016 vita vilirudi Juba, na watu wakavuka kwa maelfu. Rhino Camp ilijaa, na Februari 2017 Imvepi ikafunguliwa tena. Vijana waliofika walikuta vibanda tayari vipo mjini, na baada ya muda vikaingia hata kambini, kwa sola. Ndani ya PES kulikuwa na sehemu ya kuhariri: unabadilisha jina la timu, bendera, jezi, majina ya wachezaji, hata urefu wao na mtindo wa nywele. Sudan Kusini ilipata uhuru tarehe 9 Julai 2011 na ikaingia FIFA Mei 2012. PES 6 ilitoka 2006. Yaani nchi yenyewe ilikuwa haijazaliwa gemu ilipotengenezwa! Basi vijana wakaizaa ndani ya mashine. Walichukua timu moja isiyopendwa na mtu, wakaibadilisha herufi kwa herufi kwa padi (si mnajua ile kazi, herufi moja unabonyeza mara kumi), wakaweka Sudan Kusini. Na wachezaji wakawa wao wenyewe. Mrefu wa bloku akawa beki, mdogo wake akawa winga mwenye spidi 99.

Yote hayo yalikaa kwenye memori kadi ya megabaiti 8. Picha moja ya simu ya leo inaweza kujaza nusu yake.

Sasa tugeuke upande wa kampuni, tuone wao walifanya nini na gemu za zamani. PS3 za kwanza, mwaka 2006, zilikuwa na chipu za PS2 ndani, na kulikuwa hata na kifaa cha kusomea memori kadi za zamani. Kisha ili kupunguza gharama chipu zikatolewa. PS4 ya 2013 ilikataa diski za PS1, PS2 na PS3 zote. Xbox walifanya vizuri zaidi: tangu 2015 walirudisha gemu nyingi za mashine zao za nyuma, na kama ulikuwa na diski yako halali hukulipa tena. Lakini Novemba 2021 wakasema nyongeza zimeisha. PS5 inacheza karibu gemu zote za PS4, na tangu 2022 kuna huduma ya kulipia kila mwezi yenye gemu kadhaa za enzi za nyuma, zilizochaguliwa na wao. Nintendo walifunga duka la Wii Januari 2019, la 3DS na Wii U Machi 2023. Sony nao walitangaza mwaka 2021 kwamba wanafunga duka la PS3, watu wakapiga kelele, wakaliacha.

Gemu za mpira ndo zinapotea haraka kuliko zote, na hili watu wengi hawalijui. Jina la ligi, jezi, sura ya mchezaji, wimbo wa menyu, vyote ni leseni, na leseni ina tarehe ya kufa. Septemba 2023, EA walipoachana na jina la FIFA na kuleta EA Sports FC, gemu za FIFA za miaka ya nyuma ziliondolewa kwenye maduka ya intaneti. Konami walishaacha jina la PES mwaka 2021. Mwaka huohuo wa 2023 Video Game History Foundation ya Marekani ilitoa utafiti: asilimia 87 ya gemu zilizotoka Marekani kabla ya 2010 hazipo tena sokoni. Soma tena hiyo namba. Marekani! Nchi yenye maduka yote.

Halafu kuna akaunti. Ili ununue gemu ya zamani kwenye PS5 unahitaji akaunti yenye nchi, na Uganda haimo kwenye orodha yao. Kongo haimo. Sudan Kusini haimo. Watu hujiandikisha kama wakaaji wa Afrika Kusini au Uingereza na kutafuta kadi za zawadi. Mei 2024 dunia nzima ilishtuka kidogo: Sony walitaka wachezaji wa Helldivers 2 kwenye kompyuta wafungue akaunti hiyo, kukawa na zogo kubwa mpaka wakarudi nyuma, lakini gemu ilikuwa imeondolewa sokoni katika nchi zaidi ya 170. Wengi siku hiyo ndo walijua kwamba kuna nchi nyingi hivyo ambazo dukani hazipo. Sisi tulicheka. Mtu aliyeulizwa "nchi yako ni ipi?" kwenye kila fomu tangu utotoni hashtuki akiulizwa na mashine.

Kwa hiyo turudi kwa swali la kupanga. Kwenye PS5, tangu apdeti ya Septemba 2022, unaweza kutengeneza orodha zako: hadi 15, kila moja gemu 100. Xbox wana makundi kama hayo. Ni nzuri, panga PS4 peke yake, mpira peke yake, za wadogo peke yake. Lakini utapanga tu kile ulichouziwa, na "PES usiguse" haimo.

Upangaji wa kweli wa gemu za zamani kwetu ulikuja na flashi. Tangu 2008 kulikuwa na programu ya Free McBoot, inayowekwa kwenye memori kadi na kuifanya PS2 ifungue programu nyingine bila chipu. Moja ya hizo ni Open PS2 Loader, inayosoma gemu kutoka kwenye USB. Lenzi ikifa, na lenzi zote hufa kwa vumbi la huku, mashine bado inacheza. Programu hii ina adabu zake: folda ya CD, folda ya DVD, folda ya ART kwa picha za makava, folda ya VMC kwa memori kadi za kufikirika. USB ya PS2 ni ya kizazi cha kwanza, ya polepole, ndo maana video za mwanzo wa gemu zinakatakata. Usirudishe flashi kwa muuzaji, haina kosa.

Kila gemu ina namba yake. Ikianza na SLES ni ya Ulaya, SLUS ni ya Marekani, SLPM ni ya Japani. Ukifungua flashi ya kibanda chochote utaona safari za diski: hii ilitoka Ulaya, ile Japani, zote zikakutana Koboko. Ushauri wetu, usifute hiyo namba ili jina lipendeze. Bila namba, baada ya miaka mitano hakuna atakayejua "PES mpya kabisa" ilikuwa ipi.

Vijana wadogo sasa wanacheza kwenye simu, kwa PPSSPP, programu iliyoanza 2012 inayocheza gemu za PSP. Wanarushiana mafaili kwa simu hadi simu, bila bando. Sawa kabisa. Ila faili hizo hazina kumbukumbu ya kibanda.

Maana gemu yenyewe itapatikana. Kopi za PES 6 ziko dunia nzima. Isiyopatikana popote ni ile memori kadi, ile timu, yale majina kumi na moja pamoja na ya akiba. Baadhi ya walioandikwa pale wamehamishiwa Kanada, Marekani, Australia. Wengine wamerudi Yei. Wengine hatujui walipo. Hakuna kampuni yenye kopi ya orodha hiyo.

Kwa hiyo Jumamosi kuanzia saa nane mchana tutakuwa na PS2 moja yenye uLaunchELF na flashi safi, mahali pa mkutano palepale. Kopi inachukua dakika chache, na kadi yako unarudi nayo mfukoni. Leteni hata zile zinazosema zimeharibika, na zile ambazo mwenyewe hayupo. Kila faili tutaliandika kibanda ilikotoka, mwaka kama unaukumbuka, na nani alihariri. Mwenye adapta ya volti 8.5 inayofanya kazi atupigie, yetu inapata moto sana.