Billy Boston: Mtoto wa baharia wa Sierra Leone aliyekuwa 'Sir' wa kwanza wa raga ya ligi

Juni 2025, Mfalme Charles wa Uingereza alimpa Billy Boston hadhi ya 'Sir' katika kasri la Buckingham. Boston alikuwa na miaka 90, na tayari alikuwa akiishi na maradhi ya kupoteza kumbukumbu.

Hakuna mchezaji wa raga ya ligi aliyewahi kupewa hadhi hiyo kabla yake. Mchezo wenyewe ulianza mwaka 1895. Piga hesabu: miaka 130.

Raga ya ligi ni ipi?

Huku kwetu tunaijua zaidi raga ya wachezaji 15, au ile ya saba kila upande. Raga ya ligi ina wachezaji 13. Ilizaliwa kaskazini mwa Uingereza pale klabu za wachimba migodi na wafanyakazi wa viwandani zilipotaka kuwalipa wachezaji waliokosa kazi ili wacheze. Wakubwa wa raga wakakataa, klabu zikajitoa.

Tangu hapo, aliyevuka kwenda ligi alipigwa marufuku kurudi raga ya wachezaji 15, iliyojinadi kuwa ni ya ridhaa. Ukivuka, umevuka.

Kijana wa Tiger Bay

Boston alizaliwa Agosti 6, 1934 katika mtaa wa bandarini wa Butetown, maarufu kama Tiger Bay, mjini Cardiff, Wales. Baba yake alikuwa baharia kutoka Sierra Leone. Nyumbani walikuwa watoto 11.

Ndoto yake ilikuwa kuchezea klabu ya Cardiff, kisha timu ya taifa ya Wales. Kipaji kilionekana, lakini Cardiff haikumwita. Si yeye peke yake. Vijana weusi wa mtaa huo waliona mlango huo umefungwa, na kadhaa wakaishia kuwa mastaa wa ligi kaskazini. Clive Sullivan, kijana mwingine wa Cardiff, ndiye aliyekuja kuwa nahodha wa Uingereza ilipotwaa Kombe la Dunia la raga ya ligi mwaka 1972.

Boston alikuwa jeshini mwaka 1953 viongozi wa Wigan walipofika nyumbani kwao na burungutu la noti. Kwa simulizi yake mwenyewe, mama yake alitaja pauni 3,000 akidhani bei hiyo itawafukuza. Wakakubali palepale. Dili likaisha hivyo, na ndoto ya Wales ikafa siku hiyohiyo.

Mechi sita tu, safari ya Australia

Alikuwa amechezea timu ya kwanza ya Wigan mechi sita tu alipoitwa kwenye kikosi cha Uingereza kilichozuru Australia na New Zealand mwaka 1954. Alikuwa mchezaji wa kwanza asiye mzungu kwenda ziara hiyo. Huko alifunga trai 36 katika mechi 18. Trai ni pale unapougusisha mpira chini kwenye eneo la goli la wapinzani, kwa hiyo hapo tunazungumzia wastani wa mbili kila mechi.

Alikuwa winga, lakini si wale wembamba wa kukwepa tu. Kadiri mwili ulivyoongezeka, aliwapitia mabeki katikati. Mara mbili alifunga trai saba katika mechi moja.

Walipomwacha

Mwaka 1957 Uingereza ilicheza Kombe la Dunia Australia. Baada ya mashindano, kikosi kilipangiwa mechi za maonyesho Afrika Kusini, wakati wa utawala wa ubaguzi wa rangi. Wenzake walikwenda. Boston akapanda ndege kurudi nyumbani peke yake.

Mechi zilichezwa bila yeye. Mchezo uliompokea Wales ilipomkataa ulikubali masharti hayo, na hilo halipendezi hata ukilisoma leo.

Namba zake

Wigan alifunga trai 478, rekodi ya klabu hadi sasa, na kutwaa Kombe la Challenge mara tatu: 1958, 1959 na 1965. Timu ya Uingereza aliichezea mechi 31, trai 24, na alikuwemo ilipobeba Kombe la Dunia mwaka 1960. Kwa jumla ana trai 571. Anayemzidi katika historia ya mchezo huo Uingereza ni Brian Bevan wa Australia pekee, mwenye 796.

Aliondoka Wigan mwaka 1968, akamalizia soka lake la mikono Blackpool Borough. Lakini hakuhama mji. Alifungua baa karibu na uwanja wa zamani wa Wigan, na mashabiki wakawa wanakunywa kwake.

Wigan walimjengea sanamu mwaka 2016. Cardiff, mji ambao klabu yake haikumwita, ulizindua ya kwake mwaka 2023 pamoja na za Sullivan na Gus Risman, hapo hapo karibu na mtaa aliozaliwa. Boston alikuwepo.