Wakimbizi Waliogeuka Wenye Nchi

Tarehe 4 Februari 1846, katikati ya majira ya baridi, magari ya kwanza yalivushwa mto Mississippi kutoka mji wa Nauvoo, Illinois, kuelekea magharibi. Wenyewe walikuwa waumini wa Kanisa la Yesu Kristo la Watakatifu wa Siku za Mwisho, ambao wengi tunawaita Wamormoni. Kufungasha na kuondoka walikwisha kuzoea.

Kanisa lao lilianzishwa na Joseph Smith katika jimbo la New York tarehe 6 Aprili 1830, akiwa na umri wa miaka 24. Mwaka uliofuata waumini walihamia Kirtland, Ohio, na wengine wakatangulia Missouri, mahali Smith alipotangaza kuwa pangejengwa Sayuni. Matata yalianzia hapo. Walowezi waliowakuta Missouri waliona watu wanaonunua ardhi pamoja, wanaopiga kura pamoja na kudai kwamba nchi ile wameahidiwa na Mungu. Tena wengi walitoka kaskazini, wakashukiwa kuwa wapinzani wa utumwa. Mwaka 1833 walifukuzwa katika wilaya ya Jackson. Tarehe 27 Oktoba 1838 gavana Lilburn Boggs alitoa amri kwamba Wamormoni waangamizwe au watimuliwe jimboni. Siku tatu baadaye wanamgambo waliua watu 17 katika kijiji cha Haun's Mill. Amri hiyo haikufutwa rasmi hadi mwaka 1976.

Walikimbilia Illinois, wakakausha kinamasi kilichojaa homa, na katika miaka michache Nauvoo ikawa na wakazi zaidi ya 10,000. Lakini Smith alijilimbikizia madaraka mno: alikuwa nabii, meya na jemadari wa jeshi la mji, na mwaka 1844 akagombea urais wa Marekani. Minong'ono kuhusu ndoa za mitara ilizidi. Mtambo wa gazeti lililomshambulia ulipovunjwa kwa amri yake, alitiwa gerezani huko Carthage, na tarehe 27 Juni kundi lenye silaha likavamia na kumuua pamoja na kaka yake, Hyrum.

Uongozi ulimwangukia Brigham Young, fundi seremala mwenye kipaji cha kupanga mambo. Alichagua nchi ambayo mzungu mwingine hakuitamani: bonde kavu kando ya Ziwa la Chumvi, wakati huo likiwa chini ya Meksiko. Baada ya kukaa msimu wa baridi kando ya mto Missouri, ambako mamia walikufa kwa maradhi na utapiamlo, kikosi cha kwanza kiliondoka Aprili 1847: wanaume 143, wanawake watatu na watoto wawili. Miongoni mwa wanaume hao walikuwamo watu weusi watatu waliokuwa watumwa: Green Flake, Hark Lay na Oscar Crosby.

Waliotangulia kuingia bondeni walianza kulima tarehe 23 Julai. Udongo ulikuwa mgumu hata plau zikavunjika. Wakaziba kijito kilichoshuka mlimani, maji yakaenea juu ya ardhi, na udongo ulipolainika wakapanda viazi. Young mwenyewe aliwasili kesho yake.

Siri ya ulowezi wao ilikuwa katika kijito kile. Hadithi za magharibi ya Marekani humsifu mtu mmoja, farasi wake na bunduki yake, lakini jangwani mtu mmoja hachimbi mfereji wa kutosha. Wamormoni waliyafanya maji kuwa mali ya jamii na wakagawana zamu za kumwagilia. Viongozi wa kanisa walisimamia kazi, na zaka ililipwa hata kwa nafaka, mifugo au siku za kazi. Young alipoona mahali panafaa, aliteua familia, mhunzi na msagishaji wakiwamo, akazituma zikaanzishe mji. Alipofariki mwaka 1877, makazi ya namna hiyo yalikuwa zaidi ya 300.

Watu walihitajika, na wengi waliletwa kutoka Uingereza na Skandinavia kwa mfuko wa nauli ulioanzishwa mwaka 1849. Fedha zilipopungua, kuanzia 1856 karibu watu 3,000 walivuka mbuga kwa miguu wakivuta mikokoteni, kila mtu mzima akiruhusiwa mzigo wa takriban kilo nane. Mwaka huohuo misafara miwili iliyochelewa kuondoka ilinaswa na theluji huko Wyoming, na zaidi ya watu 200 wakafa kabla ya waokoaji kuwafikisha waliosalia.

Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Katika bonde hili wenyeji hawakupona. Waute, Washoshoni na Wapaiute walipoteza chemchemi, mabonde ya mawindo na mashamba ya mbegu walizokula. Mwaka 1850 wanamgambo wa Kimormoni waliwashambulia Waute karibu na Provo, na vita viliendelea kuzuka kwa zaidi ya miaka 20. Mwaka 1852 bunge la Utah, kama nchi hiyo ilivyoitwa sasa chini ya Marekani, lilihalalisha utumwa, na mwaka huohuo Young alitangaza kwamba watu weusi hawatapewa ukuhani, marufuku iliyodumu hadi 1978. Septemba 1857, jeshi la Marekani likiwa njiani kuja kuwatiisha, wanamgambo wa Kimormoni waliua wasafiri wapatao 120 huko Mountain Meadows, kina mama na watoto wakiwamo.

Reli iliyokamilika mwaka 1869 ilimaliza upweke wa bonde. Serikali ya Marekani ilikaza sheria dhidi ya mitara hadi kanisa likatangaza kuiacha mwaka 1890, na tarehe 4 Januari 1896 Utah ikawa jimbo.

Yapo ya kujifunza kwa watu wale: mpango, mshikamano na kugawana maji vimeotesha miji jangwani. Lakini historia yao isisomwe nusu. Watu waliojua uchungu wa kufukuzwa kwa amri ya gavana waliwafukuza wengine bila hata miaka 20 kupita. Kuonewa hakumfanyi mtu kuwa mwadilifu. Uadilifu wake hupimwa siku anaposhika nguvu yeye.